Viatu Juu ya Televisheni

Vijana mtakaoshika karatasi hizi, kaeni kitako kwanza. Najua subira hamna, vidole vyenu vimezoea kubonyeza. Mimi kusoma nilijifunza ukubwani, kwenye kisomo cha watu wazima, nikiwa nimekwisha kuzaa watoto wangu wote, kwa hiyo naandika kama ninavyosema. Anayetaka maneno ya kupambwa akayatafute kwingine. Mmekuwa mkiniuliza, huku mnachekana, kwa nini ukitajwa ule mchezo wa kijana mwenye kamba mimi nageuza uso. Mnadhani bibi anaogopa mashine. Siogopi mashine. Nina hasira, na hasira yangu ina mwanzo wake. Sikilizeni mpaka mwisho, kisha mcheke kama mtakuwa bado mna meno ya kuchekea.

Nianze na sanda ya mama yangu, maana bila hiyo hamtaelewa kitu.

Mama alifariki miaka ile ambayo duka lilikuwa na rafu na mwenye duka, basi. Nguo tulifulia majani ya mpapai. Unga ulikuwa wa njano, nao ni wa foleni. Mtu akifa, kilio cha kwanza kilikuwa cha kufiwa, cha pili cha kutafuta kitambaa. Watu na heshima zao walizikwa kwa mashuka ya kitandani. Mama alipokuwa taabani alinishika mkono akaniambia, mwanangu, msinizike na shuka la maua, nitaona haya mbele ya wenzangu. Mwanangu wa kiume, ndiyo kwanza anaota ndevu, alikuwa amesimama mlangoni akasikia. Hakuaga mtu. Alipita njia za porini kule mpakani Horohoro, akaingia upande wa pili, akarudi na bafta nyeupe amejizungushia tumboni, shati juu yake. Mgambo wakamsimamisha, wakamuuliza mbona kijana mwembamba hivi ana kitambi. Akawaambia ana safura. Wakamwonea kinyaa wakamwacha. Wakati huo kukamatwa na kitambaa cha magendo ilikuwa ni kuitwa mhujumu uchumi na kulala ndani.

Alipofika, bibi yake alikuwa amekwisha kukata roho. Akavua shati, nasi tukamfungua yeye ile bafta, ikiwa bado na joto la mwili wake, tukaenda kumvika marehemu. Mama yangu akazikwa kwa nguo nyeupe. Nilimwombea mwanangu dua siku ile, ambayo sijapata kumwombea mtoto mwingine.

Mama amelala kwenye maziara yetu, nje ya mji upande wa kusini, pale mikoko inapoishia. Ni makaburi ya zamani ya ukoo wetu, ya mawe ya matumbawe na chokaa. Kaburi kubwa la babu wa mababu lilikuwa na nguzo ndefu kuliko mtu, na kwenye nguzo kuna vishimo vya mviringo. Zamani kila kishimo kilipachikwa bakuli la kichina, la heshima na la pambo. Mengi yalikwisha kung'olewa na wapita njia, likabaki moja tu kule juu, la buluu, lina ufa. Mama tulimlaza ubavuni pa nguzo hiyo. Kuzika ni kazi ya wanaume, lakini kufagia na kufukiza ubani kila Alhamisi alasiri ni kazi yetu sisi wanawake wa nyumba hii. Na sharti letu ni moja: ukifika kwenye ukuta, vua viatu, toa salamu kwa waliolala, ndipo uingie. Awe liwali, awe mchuuzi wa samaki.

Kisha ikaja ruksa. Kila kitu ruksa. Kilichokuwa magendo juzi kikawa biashara leo. Mabelo ya mitumba yakashuka, redio, mafriji, mpaka pipi za rangi ambazo hatukujua zinaliwaje. Sisemi ilikuwa mbaya, sabuni tuliipata. Lakini kiwanda alichofanya kazi mwanangu kiliuzwa, aliyekinunua akang'oa mashine akaziuza kama vyuma, na wanaume wazima wakarudi nyumbani kukaa barazani na wake zao. Mwanangu alikuwa na watoto wakati huo. Hakukaa sana. Akapita Horohoro tena, safari hii mchana kweupe na muhuri wa forodha, akarudi na televisheni na mashine ya gemu. Akapanga banda mtaa wa Makorora, akaweka mabenchi, na vijana wakajaa toka asubuhi.

Mchezo waliougombania ulikuwa huo wa kijana mwenye kamba kiunoni. Anapanda kuta, anaruka mashimo, anapigana, anaingia kwenye majumba ya kale ya nchi za watu na kuchukua mali. Ulikuwa umetoka wa kwanza, ukatoka wa pili. Mimi nilipita pale kumpelekea mwanangu chakula, nikatazama kidogo, nikawaambia huyo kijana wenu ni mwizi tu. Wakacheka. Mmoja akasema, "Si mwizi, bibi. Wenyewe wameshakufa."

Ndipo wakaja wale.

Walikuwa wazungu watatu, wamefikia mtaa wa Raskazone, wanatembea na dada mmoja wa huko huko anayewafasiria. Mwanangu alikutana nao mjini, akaona picha ya kijana wa kamba kwenye begi la mmoja wao, akauliza. Kumbe ndio watengenezaji wenyewe. Si wote, maana waliniambia wako wengi, jengo zima la watu: wa kuchora, wa kutunga, wa sauti, na wale wanaoiambia mashine nini cha kufanya. Hawa watatu walitumwa kutafuta pwani, kwa sababu mchezo wa tatu walitaka uwe na pwani. Mwanangu alikuja nyumbani uso unang'aa kama aliyeoa. Akaniambia, mama, katika dunia nzima wamekuja kwetu. Akataka nikawaonyeshe maziara.

Nikaenda nao. Yule mchoraji, kijana mrefu aliyebabuka pua kwa jua, akataka kuingia hivi hivi na mabuti yake. Nikampigia ukelele: vua viatu. Akaruka nyuma kama aliyekanyaga siafu. Mwenzake, mama wa kunasa sauti, yeye alikuwa amekwisha kuvua, hakungoja kuambiwa.

Nitasema kweli, kazi wanaijua. Mchoraji alipiga picha ukuta kipande kwa kipande, ufa kwa ufa, kama mganga anayekagua ngozi ya mgonjwa. Walikuja na vyombo vya miguu mitatu wakapima urefu wa nguzo, upana wa vishimo, wakapima ardhi mpaka kaburini kwa mama. Mama wa sauti alikuwa na kinasa sauti kilichovishwa manyoya kama paka. Alinasa ufagio wangu, akanasa nyayo zangu kwenye changarawe, akakaa asubuhi nzima kwenye tope la mikoko kusikiliza kaa wakitoka mashimoni. Mimi naheshimu mtu anayejua kunyamaza.

Wa tatu ndiye mtunzi wa kisa. Huyo alikuwa mtu wa maswali. Akauliza vile vishimo ni vya nini. Nikamweleza habari ya mabakuli. Akauliza, je, mtu akipata bakuli moja lililong'olewa, akalirudisha kwenye kishimo chake, itakuwaje? Nikamwambia itakuwa jambo jema sana, waliolala watashukuru. Akaandika, akatabasamu peke yake. Mimi nikadhani amefurahi kwa ajili yetu.

Mwisho wakaniomba sauti. Yule dada akanifasiria kwamba wanataka ndani ya mchezo awemo bibi mlinzi wa makaburi, naye aseme kama ninavyosema mimi. Nikaona hilo si baya. Vijana wa dunia watafundishwa adabu. Mama wa sauti akaniwekea paka wake mbele ya mdomo, nikasema: vua viatu. Akaomba tena, kwa ukali zaidi. Nikasema. Akaomba kama nimekasirika kabisa, nikamkumbuka yule aliyenunua kiwanda, nikasema ikatoka. Walifurahi wote watatu. Wakaniachia kanga na majani ya chai, wakaenda zao.

Mvua kubwa zikaja, zikakata barabara, zikaisha. Mchezo wa tatu ukafika Makorora.

Mwanangu alinipeleka mwenyewe. Alikuwa amenifutia benchi la mbele. Na kweli, nilipoona nilishika kifua. Ukuta wetu ule ule. Ufa ule ule. Nguzo, mikoko, mpaka kaa. Nilisikia ufagio wangu. Nikasema moyoni, mashallah, watu hawa wana mikono.

Kisha akatoka bibi. Kucha kama za kunguru, macho mekundu, ushungi umechanika, meno nje. Akapanua mdomo, ikatoka sauti yangu: vua viatu. Na yule kijana aliyeshika pedi ya kuchezea, mtoto wa jirani yangu, niliyempakata mwenyewe alipozaliwa, akabonyeza kidude na kumkata yule bibi panga la shingo. Banda zima likapiga makofi. Bibi akaanguka, akatoa bakuli la buluu. Kijana wa kamba, na mabuti yake, akalichukua, akalipachika kwenye kishimo cha nguzo, na kaburi likafunguka kama mlango wa kabati. Ndani yake dhahabu.

Sasa mnaelewa? Nilimwambia mtunzi kwamba kurudisha ni shukrani, yeye akafanya kurudisha kuwe ufunguo. Bakuli la heshima limekuwa kitasa. Na mimi mlinzi nimekuwa zimwi la kuuawa ili watu wapite. Nilikaa pale mpaka wakamaliza, kwa kiburi tu, nisionekane nimekimbia. Mwishoni majina ya watengenezaji yakapanda, mengi kama siafu, na mjukuu anayejua Kizungu akanisomea: mchoraji huyu hapa, mtunzi huyu hapa, hata aliyewapikia wakati wa kazi alishukuriwa. Langu halikuwamo. Sikulitaka. Nilitaka pawepo mahali pameandikwa kwamba makaburi yale yana wenyewe.

Nikamwendea yule dada wa Raskazone, nikamwambia awaandikie. Akaandika, si uongo, ni binti mwenye adabu. Jibu likachukua muda, likaja. Wanasikitika kama nimeudhika. Wananipenda, wananikumbuka. Ila nielewe kwamba ni mchezo, na mahali pale ni pa kubuni tu.

Nikamuuliza yule dada, "Mama yangu naye ni wa kubuni?"

Basi nikawa mtu wa kuchekwa. Nikipita Makorora, watoto wananiamkia shikamoo kwa mdomo, nikiwapa mgongo wanasema kwa sauti nene, vua viatu. Nilivumilia. Mtu mzima hasusi mji kwa ajili ya watoto. Nilimwambia mwanangu autoe mchezo ule aache mingine, akasema, mama, ndio huo wanaoujia. Sikumlazimisha, maana wajukuu zangu walikuwa wanakula kutoka kwenye banda lile na mimi pia nilikuwa nakula.

Lakini katika mabenchi yale kulikuwa na maneno mengine yanazaliwa. Vijana walikuwa wanasema hivi: wazungu hawatoki kwao bure. Walikuja na vyombo, wakapima mpaka chini. Halafu wakarudi kwao, na dhahabu wakaiweka pale pale palipo na nguzo. Waliona kitu, hawawezi kusema waziwazi, wamekisema kwenye mchezo. Na nyie mnajua mji wetu, toka Wajerumani waondoke hakuna mzee ambaye hakuambiwa kwamba chini ya mguu wake kuna mali waliyoifukia. Habari ikaota mizizi. Mimi niliisikia nikaipuuza. Nilisema wapuuzi hawakosekani.

Alhamisi moja nikatoka na ufagio na chetezo changu, na mkwe wangu, mke wa mwanangu, akinifuata na maji ya mawaridi. Tulipofika kwenye ukuta nikainama kuvua viatu. Pembeni, mahali pale pale tunapoweka viatu vyetu siku zote, kulikuwa na viatu vingine. Vya kiume, vya ngozi ya hudhurungi, vya mitumba. Vimepangwa vizuri, visigino vimeelekea ukutani.

Nikanyanyua macho. Nguzo haikuwapo.

Ilikuwa chini. Walichimba shina lake, shimo la kuingia mtu mpaka kifuani, na nguzo ikakosa pa kukanyaga ikalala. Ililala juu ya mama yangu. Mawe ya kichwani pake yalisagika, na bakuli la buluu, lile la mwisho, lilikuwa vigae. Kwenye shimo hakuna kitu, udongo na konokono. Waliochimba walikimbia nguzo ilipoanguka, mmoja wao akasahau viatu.

Mkwe wangu alikwisha kuvitazama vile viatu. Mimi pia. Nilivinunua mwenyewe kwenye belo, nikavipigania na mwanamke wa Kibondei mpaka tukavutana kanga, kwa sababu nilitaka mwanangu asiende kutafuta kazi na ndala. Nilifagia vigae, nikafukiza ubani kwenye kifusi, nikatoa salamu. Kisha nikabeba viatu mkononi, nikaenda Makorora peku, vyangu nimeviacha kule.

Banda lilikuwa limejaa. Aliyeniona kwanza akasema, "Bibi kaja kujiona," na kicheko kikaanza. Nikapita katikati ya mabenchi, nikaweka vile viatu juu ya televisheni, na udongo wake ukamwagika kwenye kioo. Kicheko kikafa. Chini ya viatu, ndani ya kioo, lile zimwi likapanua mdomo na kusema, vua viatu. Hakuna aliyebonyeza kitu.

Mwanangu alikuwa amesimama kwenye kona, peku.

"Viatu vya nani?" nikamuuliza.

"Mama, kaa kwanza."

"Vya nani?"

"Vyangu."

Akaanza kueleza. Kwamba ada ya shule ya watoto, kwamba mabanda mengine yamefunguliwa matatu mtaani na wateja wanahama, kwamba wenzake walimwambia asipochimba yeye mwenye haki watachimba wageni. Akasema, mama, wale walipima. Mtu hapimi kitu bure. Nikamwambia walipima ili wachore, wewe mtu mzima hujui tofauti ya mtu anayechora nyumba na mtu anayekaa ndani yake? Nilitaka kugeuka niondoke, lakini kulikuwa na jambo nililotaka kulijua kuliko yote.

"Na viatu ulivua kwa nini?"

Vijana wote walikuwa wanamtazama.

"Si ndivyo ulivyotufundisha," akasema. "Nilisalimia. Nikamwambia bibi anisamehe, nachimba upande mwingine, simgusi."

Wallahi, angeingia na mabuti ningemlaani nikapumzika. Wale watengenezaji waliingiza mabuti kwenye mchezo kwa sababu hawakuelewa lolote, na niliwakasirikia, na mpaka leo nawakasirikia, maana waliambiwa, waliona, walisikia, wakachukua sauti na ukuta na kaa wa mikokoni wakaacha maana nje kama viatu. Lakini wangu aliingia na adabu yote niliyompa, akatoa salamu, akaomba radhi, kisha akachimba. Na ndiye huyu aliyejifunga bafta tumboni. Alimfunika bibi yake, kisha akaja kumwangushia nguzo. Nifanye nini na mtu wa namna hiyo? Nimlilie au nimpige? Nilimpiga. Kofi moja, mbele ya wateja wake, na ndevu zake zina mvi.

Msije mkasema bibi alichoma mashine. Wako walionishauri hivyo, na imamu mmoja alinitumia salamu kwamba ni chombo cha shetani. Shetani hana haja ya waya. Mashine ile ilinunuliwa kwa jasho.

Jioni ile, baada ya sala ya magharibi, niliita nyumba nzima uani: mwanangu, mkewe, watoto wao, binti zangu na waume zao, na wale vijana wawili waliochimba naye, niliowatumia mtu akawatoe kwao. Mkwe wangu akaniomba mbele ya wote, kwa sauti ya chini, nisilifunge banda, kwamba ndilo linalotulisha. Nikamwambia najua linalotulisha. Mwanangu alikuwa amekaa chini, amejiinamia, hanitazami. Mmoja wa wale vijana akauliza kama wataitiwa polisi. Nikamjibu kwamba polisi hajui kuchoma chokaa.

Nikawaambia: "Kesho alfajiri banda linafungwa, na halifunguliwi mpaka nguzo isimame. Chokaa tutachoma wenyewe, mawe tutabeba kichwani, na kila aliyepata kuucheza mchezo ule atabeba lake, hata kama mama yake ni rafiki yangu. Vigae vya bakuli vitarudi juu, vipande vipande hivyo hivyo. Wewe uliyeleta sanda utatangulia mbele. Na viatu acheni nyumbani."